Barua kwa Mwanangu: Firigisi ya Bibi

Mwanangu mpenzi,

Marahaba. Naona bado una kinyongo kwamba bibi yako alikunyang'anya firigisi mbele ya wageni, eti ni ya wanaume. Mimi nilinyang'anywa nikiwa na miaka saba, nikanyamaza. Kuna mwanamke wa mbali ambaye hakunyamaza; nakuandikia habari zake.

Aliitwa Keōpūolani, mzaliwa wa Wailuku, kisiwani Maui, huko Hawaii, mwaka 1778. Ukoo wake utakutia kizunguzungu. Baba yake, Kīwalaʻō, na mama yake, Liliha, walizaliwa na mama mmoja, Kalola, kwa baba tofauti. Kwetu hilo hata kulitamka ni aibu. Kwao ndilo lililompa mtoto utukufu wa juu kabisa. Waliomkaribia walilala kifudifudi, na kivuli chake hakikukanyagwa. Wanasimulia kwamba alipenda kutoka jioni, jua likishatua, asije akamponza mtu. Nilipofika hapo nikampenda.

Baba yake aliuawa mwaka 1782 katika vita vya Mokuʻōhai, akipigana na binamu yake Kamehameha, aliyekuja kuwa mfalme. Mwaka 1790 Kamehameha akaivamia Maui. Kalola akamtorosha mjukuu wake hadi kisiwa cha Molokai, Kamehameha akawafuata. Ajuza alikuwa mgonjwa. Akakubali kwamba akishafumba macho, binti achukuliwe. Basi akaolewa na adui wa baba yake, ambaye tena ni mjomba wake, maana Liliha na Kamehameha ni watoto wa baba mmoja. Mfalme alikuwa na wake wengi. Kwa huyu alifuata damu.

Alizaa watoto wengi, wakakua watatu: Liholiho, Kauikeaouli na Nāhiʻenaʻena. Mila ilitaka watoto wa kifalme walelewe na wakubwa wengine. Kitinda mimba, Nāhiʻenaʻena, hakumtoa.

Sasa tuje kwenye chakula. Miiko yao waliiita kapu. Mwanamke hakula pamoja na mwanamume, wala hakugusa nguruwe, ndizi wala nazi. Nazi, mwanangu, na bahari iko mlangoni!

Kamehameha alifariki Mei 1819. Keōpūolani akakaa akala na Kauikeaouli, mtoto wa miaka mitano hivi, watu wakiona. Novemba, Liholiho, mfalme mpya, naye akaketi karamuni kwa wanawake, akala. Kaʻahumanu, mke mwenza wa Keōpūolani, ndiye anayesifiwa zaidi, na kweli alisukuma sana. Lakini mimi namtazama Keōpūolani: miiko ile ile ndiyo iliyokuwa ikiwalaza watu kifudifudi mbele yake. Alikuwa akikata tawi alilokalia, naye alijua.

Alifariki Lahaina tarehe 16 Septemba 1823, saa chache baada ya kubatizwa, na Nāhiʻenaʻena alikuwa bado mtoto mdogo.

Bibi yako anakusalimu. Anasema ukija Desemba atakuchinjia jogoo. Nilimuuliza kuhusu firigisi, akaniambia niangalie chungu kisiungue.

Mama yako