Risala ya kwaya ya watoto wa Afrika Mashariki wanaoishi Prague kwa Mgeni Rasmi, ukumbi wa makumbusho, Terezín

Mheshimiwa Mgeni Rasmi, wenyeji wetu wa makumbusho, wazazi na watoto,

Tunakushukuru kwa kufika Terezín licha ya majukumu yako mengi. Karibu sana.

Kwaya hii ilianzishwa na wazazi wachache wanaozungumza Kiswahili. Tumepiga hatua kubwa: watoto wanaimba kwa sauti mbili, wametumbuiza mbele ya hadhira ya kimataifa, na wimbo wa mwisho wa opera ya Brundibár tumeutia katika Kiswahili.

Opera hiyo ya Hans Krása ilionyeshwa mara 55 katika geto hili kuanzia Septemba 1943. Waimbaji walikuwa watoto wa Kiyahudi waliofungwa hapa na Wanazi wakati wa Vita vya Pili vya Dunia. Waliposafirishwa kupelekwa kambi ya mauaji ya Auschwitz, wengine walijaza nafasi zao. Tarehe 16 Oktoba 1944 alipelekwa Krása mwenyewe, pamoja na watunzi Viktor Ullmann, Pavel Haas na Gideon Klein. Hakuna aliyerudi. Watoto wetu wanayataja majina haya kwa kichwa.

Mheshimiwa, hitaji letu ni moja: piano.

Tunafanya mazoezi kwa kinanda cha umeme cha kuazima, ambacho vibonye vyake vingine havilii. Mwenyewe akikihitaji, tunapiga makofi. Muziki wa Krása una sauti zinazogongana kwa makusudi, na mtoto asiposikia noti yake ikishikiliwa, anapotea.

Mgeni rasmi mmoja aliyesimama hapo ulipo aliwaambia watoto kwamba piano iko njiani. Tulishangilia, tukapima upana wa mlango. Aliyemfuata alitutaka tuandike barua. Tuliandika, tukaandika tena, na nakala zimo kwenye bahasha uliyokabidhiwa. Kwa heshima zote, Mheshimiwa, wanaotuuliza ni watoto. Wavulana waliosikia ahadi ile sasa wanabadilika sauti, na Pepíček, mvulana mhusika mkuu wa opera hii, hawataweza tena kumwimba.

Wafungwa wa hapa waliwahi kupiga piano isiyo na miguu, wakiitegemeza. Tunawaenzi kwa hilo. Tunaomba tu lisitumike kutuambia kwamba hata sisi tunaweza kuvumilia.

Piano ya wima iliyokwisha kutumika inatosha, pamoja na gharama za kuisafirisha na kuirekebisha sauti. Chumba kipo, na mwalimu anajitolea bila malipo. Kabla hujaondoka leo, tunaomba ututajie tarehe, mbele ya watoto.

Tunaomba kuwasilisha.