Barua ya wazi kwa Waziri wa Biashara wa Kaunti: tusikilize kabla ya kufuta leseni

Mheshimiwa Waziri,

Wiki hii maafisa wako wamefunga maduka sokoni kwetu. Ilani ya kufuta leseni na kufuli vilifika kwa pamoja. Ilani inasema tu kwamba masharti ya leseni yamekiukwa. Sharti lipi? Lilikiukwa lini? Nani alikagua? Haisemi.

Tulipokuwa tukilipia leseni mwanzoni mwa mwaka, ofisi yako iliahidi mbele ya kamati ya soko kwamba hakuna atakayefutiwa leseni kabla ya kuitwa. Pesa mlipokea, na risiti tunazo. Ahadi iko wapi?

Hatuombi hisani, Mheshimiwa. Kifungu cha 47 cha Katiba ya Kenya ya 2010 kinampa kila mtu haki ya kutendewa na serikali kwa njia halali na ya haki, na kupewa sababu kwa maandishi uamuzi unapomuumiza. Sheria ya Hatua za Haki za Kiutawala ya 2015, sehemu ya 4, inaeleza namna ya kufanya hivyo. Mwenye leseni aarifiwe mapema hatua mnayokusudia na sababu zake. Apewe ushahidi mnaoutegemea: ripoti ya mkaguzi, picha, malalamiko ya wateja kama yapo. Ajieleze, aje na wakili akitaka, amhoji anayemshtaki, aombe kikao kiahirishwe ikibidi. Aambiwe pia pa kukata rufaa.

Penye shida zaidi ni hiyo ripoti. Mkaguzi huandika, akaondoka nayo, na mwenye duka hujua ameandikwa siku anapofungiwa. Kwa mfano, cheti cha afya cha mpishi hufanywa upya kila miezi 6. Kikipitwa na siku chache, dawa yake ni mpishi kwenda kupimwa. Lakini kwa kuwa hakuna anayeuliza, kosa la kurekebishwa kwa siku moja linamaliza biashara nzima. Wengi sokoni wanashuku kuna wanaozimezea mate nafasi zetu. Usiri wenu ndio unaozaa shuku hizo.

Tafadhali msituambie kwamba waliofungiwa waje wajieleze sasa. Anayeitwa baada ya kufungiwa haji kujitetea, anakuja kuomba msamaha, tena mbele ya afisa yule yule aliyetia saini ilani. Huku nje nyama inaoza, kodi ya duka inadaiwa, na sacco inataka marejesho ya mkopo.

Mtu akiomba sababu, sheria inawapa hadi miezi 3 kujibu. Akienda mahakamani, maombi yake yanapaswa kuamuliwa ndani ya siku 90. Leseni yenyewe ni ya mwaka mmoja! Hata kila mtu akifuata sheria, nusu ya leseni inaweza kuisha duka likiwa limefungwa. Isitoshe, kwa kawaida mahakama humtaka mlalamishi amalize kwanza rufaa za ndani. Mnapoficha njia ya rufaa, mnamzibia na mlango wa mahakama. Na mkinyima sababu, sheria inachukulia kwamba hamkuwa na sababu nzuri, mpaka mthibitishe vinginevyo.

Hatupingi kufunga mara moja penye hatari ya kipindupindu. Huko ni kusimamisha biashara kwa muda, si kufuta leseni, na mwenyewe asikilizwe upesi.

Tunakuomba uondoe kufuli hizi. Toa ilani upya, zitaje sharti lililokiukwa na tarehe ya ukaguzi, na ziambatane na nakala ya ripoti. Wape wenye maduka muda wa kutosha kujibu, na kikao kiongozwe na afisa asiyehusika na ukaguzi. Na kama yote hayo ni mengi, tufanyie hili moja: usifute leseni ya mtu ambaye hujamsikiliza. Msikilize kwanza, Mheshimiwa.

Tunasubiri jibu lako, kwa maandishi.

Wafanyabiashara wa soko