Barua kwa mwanangu kabla ya Jumanne

Mwanangu,

Jana usiku uliponirudishia simu, uliiweka kifudifudi juu ya kabati ukageukia ukutani. Sikukuuliza kitu. Nilipoifungua nikakuta ulichokuwa ukisoma: habari za Terry Fox, yule kijana wa Kanada aliyekatwa mguu mwaka 1977 akiwa na miaka 18, kwa ugonjwa huu huu ulio juu ya goti lako. Jina lake nilikutajia mimi. Nilikwambia alikimbia kwa mguu wa bandia, karibu kilomita 42 kwa siku, kwa siku 143. Nikaishia hapo. Sikukwambia kwa nini alisimama. Umesoma mwenyewe kwamba saratani ilikuwa imefika mapafuni, na kwamba Juni 1981 alifariki akiwa na miaka 22.

Alfajiri ukaniuliza, "Mama, kumbe alikatwa na bado akafa. Sasa mimi nikatwe ya nini?"

Nikakujibu, "Usiseme hivyo, Mungu yupo." Mungu yupo, lakini hukuwa umeuliza hilo. Uliuliza swali la mtu mzima, nami nikakunyamazisha kama mtoto. Sasa nimekaa kwenye benchi nje ya wodi na daftari langu la maandalio ya somo, lile nililoandika kila neno la madaktari tangu tuletwe Dar es Salaam. Nakujibu kwa kalamu kwa sababu ukinitazama usoni maneno hunikauka.

Ugonjwa wako unaitwa osteosakoma. Ni saratani iliyoanzia kwenye mfupa wenyewe. Huwapata zaidi vijana wa rika lako, wakati mifupa inarefuka kwa kasi, na hupenda kukaa karibu na goti kwa kuwa hapo ndipo mfupa wa paja na wa muundi hukua zaidi. Mwaka jana niliteremsha pindo la sketi yako ya shule mara mbili, nikawa najivuna kwa majirani jinsi unavyorefuka.

Hakuna aliyekuroga, hata watu wa nyumbani waseme nini. Wala hukuupata ulipoanguka kwenye mpira wa pete, ingawa sote tuling'ang'ania hivyo. Daktari alisema kuanguka humfanya tu mtu auangalie mguu ambao tayari una kitu ndani.

Lakini lipo langu mimi. Ulipoanza kuamka usiku ukilia goti, nilikupeleka kwa mkandaji. Miezi mitatu ulikandwa kwa mafuta ya nazi na majani ya moto, na kila ulipopiga kelele nilikushika mabega nikakwambia vumilia. Maumivu yanayomwamsha mtoto usiku, na uvimbe usioshuka wiki baada ya wiki, vilitaka eksirei siku ile ile. Sikujua, na kutojua kwangu kulikula miezi yako mitatu. Nakuomba radhi, mwanangu. Nimeomba kimoyomoyo mara nyingi, leo naiandika.

Sasa swali lako.

Unakumbuka ndago za shamba la bibi yako kule Muheza? Ukipalilia kwa jembe, juu panabaki peupe, unarudi nyumbani umeridhika. Mvua ikinyesha zinachomoza tena, kwa sababu vile vijinundu vyake vilibaki chini. Osteosakoma iko hivyo. Uvimbe tunaouona ni jani tu. Kwa wagonjwa wengi, siku ugonjwa unapogunduliwa, chembe zake zimeshasafiri kwenye damu mpaka mapafuni, ndogo mno hata CT scan haizioni. Zamani, kabla ya miaka ya 1970, madaktari walikata mguu, basi, mgonjwa akarudi nyumbani. Katika kumi hawakufika wawili waliopona. Wengine wote, kidonda cha mguu kilipona vizuri, na baada ya miezi kadhaa kikohozi kikaanza.

Kwa hiyo ni kweli, kukatwa peke yake hakutoshi. Uliona sawasawa.

Kinachozifuata zile chembe huko ziliko ni dripu, zile dawa za saratani unazowekewa kwenye mshipa. Mwaka 1986 madaktari wa Marekani walichapisha matokeo ya wagonjwa 36 waliokwisha kufanyiwa upasuaji. Waligawanywa kwa bahati nasibu: wengine wakapewa dawa, wengine wakawa wanaangaliwa tu. Baada ya miaka miwili, waliopewa dawa, asilimia 66 ugonjwa haukuwa umewarudia. Wasiopewa, asilimia 17. Daktari aliponitajia namba hizo nilimwomba azirudie, nikazipigia mstari.

Na dripu peke yake? Haitoshi pia. Ule uvimbe mkubwa dawa haziumalizi, na mionzi ya kawaida haiuwezi. Lazima utolewe wote, na dawa ziende kabla na baada. Niliuliza kama mguu unaweza kubaki. Wapo wanaotolewa kipande cha mfupa wakawekewa chuma. Kwako, uvimbe umeuzunguka mshipa mkubwa wa damu nyuma ya goti, na ukiachwa hata kidogo utarudi palepale. Daktari akaongeza jambo lililonituliza: aliyekatwa na aliyebakiziwa mguu, uvimbe ukitoka wote, nafasi ya kuishi ni ile ile. Hatukukatii tamaa kwa kukukata.

Namba zako ni hizi. Mtoto ambaye ugonjwa haujaonekana mapafuni, akapata upasuaji kamili na dawa zote, katika nchi zenye vifaa vyote, sita mpaka saba kati ya kumi huwa hai baada ya miaka mitano. Ukishaonekana mapafuni tangu mwanzo, hushuka hadi wawili au watatu. Picha ya kifua chako ilitoka safi. Siku ile nilikwambia naenda kununua maji, nikaenda kulia chooni, kwa furaha.

Daktari alinionya nisiibebe ile sita au saba kama ahadi. Huko hutumia dawa tatu. Ya tatu ni methotreksati, inayotolewa kwa dozi kubwa mno, na kiwango chake kwenye damu lazima kipimwe tena na tena huku mgonjwa akipewa dawa ya kumwokoa na sumu yake. Bila vipimo hivyo inaweza kuua. Wewe unapata mbili: sisiplatini, na doksorubisini, ile nyekundu kama juisi ya rozela iliyokufanya ukojoe nyekundu ukapiga kelele wodi nzima ikaamka. Hizo mbili ndizo uti wa mgongo wa tiba hii. Jingine linaloshusha namba huku kwetu ni watoto kuletwa wamechelewa, na watoto kuondolewa katikati ya tiba.

Hapo pa kuondolewa nina la kukwambia ambalo hulijui.

Siku niliyoambiwa kwamba mguu utakatwa, nilikwambia tunakwenda nyumbani siku chache upumzike. Nilikuwa nakutorosha. Nilikuacha kwa mama mdogo nikapanda daladala mpaka stendi ya Mbezi, nikasimama dirishani kukata tiketi mbili za Muheza. Kijana wa tiketi akauliza, "Mama, mnarudi lini, niwawekee siti kabisa?" Nikakosa jibu. Nyuma yangu watu walikuwa wanasukumana, yeye ananitazama, na mimi kichwani namwona yule kijana wa kitanda cha dirishani, aliyechukuliwa na baba yake ili asikatwe, akarudishwa baada ya miezi minne anapumua kwa oksijeni. Nilirudisha pesa kwenye pochi nikaondoka. Nilifika kwa mama mdogo nikakukuta umelala, nikakaa miguuni pako hadi kulipokucha. Huo mguu wa kulia niliushika usiku kucha, mama. Ninauaga na mimi. Usidhani ni wako peke yako.

Yupo mwingine ambaye hukumsoma. Edward Kennedy, mtoto wa seneta wa Marekani mwenye jina hilo hilo, alikatwa mguu wa kulia mwaka 1973, akiwa na miaka 12, ugonjwa huu huu. Alipewa dawa miaka miwili. Alikua, akawa mwanasheria, akawa seneta wa jimbo la Connecticut, na amevuka miaka sitini. Simleti huyu ili amfute Terry. Wote wawili walikatwa, wote wawili walipata dawa, wakati dawa zenyewe zilikuwa bado changa. Mmoja alikufa, mmoja yu hai. Ukiniuliza wewe utakuwa yupi, sitakudanganya tena. Ninachokijua ni kwamba ukiacha tiba njiani unabaki upande wa zamani, wa wale ambao hawakufika wawili.

Baada ya Jumanne, mguu utapelekwa maabara waangalie dawa zimeua kiasi gani cha ugonjwa. Zikiwa zimeua sehemu tisa kati ya kumi au zaidi, ni dalili njema. Zikiwa chini ya hapo, usikate tamaa, na mimi sitawasumbua madaktari wakuongezee dawa kali: utafiti mkubwa wa nchi 17 uliwahi kujaribu kuongeza, sumu ikazidi na faida haikuonekana. Utaendelea na zako mpaka umalize.

Utausikia mguu ambao haupo. Vidole vitawasha, unyayo utauma. Hutakuwa umerukwa na akili, ni mishipa ya fahamu bado inautafuta. Sema, kuna dawa yake. Manesi watakulaza kifudifudi kila siku na hawatakuruhusu kuweka mto chini ya paja. Utawachukia, lakini nyonga ikijikunja mguu wa bandia hautakaa sawa. Masikio yakianza kulia, uniambie, maana sisiplatini hula usikivu. Ukipata homa tukiwa nyumbani hatutangoja asubuhi, hata ikiwa saa nane za usiku tutatafuta bodaboda.

Halafu tutakuwa tunarudi kupiga picha ya kifua, kila miezi michache, hasa miaka miwili mitatu ya mwanzo, kwa kuwa ndipo hurudi zaidi. Hata kikionekana kitu mapafuni, si kwamba mlango umefungwa. Vikiwa vichache hukatwa na kutolewa, na wapo waliopona hivyo. Ninayajua haya kwa sababu niliuliza. Niliuliza mengi, mwanangu, ila nilikuwa nauliza nje ya mlango, wewe ukiwa ndani.

Kesho jioni daktari wa upasuaji anakuja na fomu ya ridhaa. Kwa umri wako sahihi inayotakiwa ni yangu. Nimemwambia siiweki mpaka akae kitandani kwako na wewe umwulize kwa kinywa chako: atakata wapi, utaamka lini, utarudi lini darasani, na lile la Terry. Akasema atakuja mapema ili muda utoshe.

Nyuma ya karatasi hii nimeacha peupe. Andika maswali yako yote, hata yale unayoona aibu kuniambia. Kalamu nimeichomeka kwenye kikapu cha chai, pembeni ya chupa ya uji.

Mama yako