Kazaliwa usiku wa kuamkia Alhamisi

Mwanangu,

Assalaam aleikum. Kwanza hongera, na hongera zaidi mpe mkeo, maana kazi aliifanya yeye. Mume wangu mdogo nimemwona kwenye picha. Pua ni ya kwetu. Masikio sijui kayatoa wapi, lakini yatakaa sawa.

Nakuandikia hadharani kwa sababu nilipopendekeza mtoto aitwe Hamisi badala ya Rayyan mliyoichagua, na wewe ulinijibu hadharani, kwenye kundi la ukoo, watu wazima na watoto wote wakisoma: "Shangazi, Hamisi ni jina la kitabu cha hesabu." Wenzio wakamwaga vicheko. Nami nilicheka, sikufichi. Juma ana maembe manane, ampe Hamisi matatu. Tangu nasoma darasa la pili Hamisi anapewa maembe, na mpaka leo hajamaliza kuyahesabu. Kicheko kilipoisha ukaongeza maneno mawili mengine, na hayo ndiyo yaliyonikosesha usingizi: kwamba Hamisi halina maana, "ni siku tu", na kwamba hata hiyo siku yenyewe mtoto hakuzaliwa, kwa sababu kadi ya kliniki inasema Jumatano.

Tuanze na kadi. Inasema Jumatano, saa mbili na dakika kumi usiku. Sina ugomvi nayo, wenzetu wa hospitali siku yao huanza katikati ya usiku watu wamelala. Lakini sisi siku yetu huanza jua linapozama. Ndiyo maana mwezi wa Ramadhani ukiandama tunaanza kusali tarawehe usiku uleule, hata kabla hatujafunga hiyo siku ya kwanza. Ndiyo maana Alhamisi jioni, ikishaadhiniwa magharibi, bibi yako alikuwa akituita tusome Yasini na kusema "leo usiku wa Ijumaa". Hata saa yetu ya Kiswahili inakubali: jua likishazama tunaanza upya, saa moja. Sasa huyo mtoto wako alipolia mara ya kwanza, magharibi ilikuwa imepita kitambo na isha imeshaadhiniwa. Kwa kadi kazaliwa Jumatano. Kwa muadhini kazaliwa Alhamisi. Angechelewa siku moja tu, saa ileile, ningekuwa nakusumbua kuhusu jina la Juma.

Halafu maana. Najua ulimi unakuwasha uniambie nishike hamsini zangu. Basi hiyo hamsini ni ndugu yake Hamisi, tumbo moja. Kwa Kiarabu khamsa ni tano, khamsini ni hamsini, na khamis ni siku ya tano, ukianza kuhesabu Jumapili. Wazee wetu waliposema hamstashara kwa kumi na tano, hamsa wa ishirini kwa ishirini na tano, walikuwa wanachota kisima hichohicho. Kiswahili kikafanya na kichekesho chake humo. Sisi tumeanza kuhesabu siku baada ya Ijumaa: Jumamosi ya kwanza, Jumapili ya pili, mpaka Jumatano ya tano. Kisha tukafika Alhamisi tukaiacha na jina lake la Kiarabu, ambalo nalo ni la tano. Kwa hiyo wiki yetu ina tano mbili zinazofuatana, na haina sita. Mtoto wako kazaliwa palepale kwenye mshono wa hizo tano mbili.

Waarabu wenyewe kabla ya Uislamu walikuwa na majina mengine ya siku, na Alhamisi waliiita Muunis, yaani mwenye kuliwaza, mwenza mzuri. Nikilisikia hilo namkumbuka baba. Nitamfikia.

Kuna na maana ya pili ambayo nadhani hujaisikia. Khamis kwa Kiarabu cha zamani ni jeshi. Jeshi zima, kwa sababu lilipangwa mafungu matano: la mbele, la katikati, la kulia, la kushoto na la nyuma. Katika masimulizi ya Khaybar, mwaka wa 7 wa Hijra, yaani 628, watu wa mji ule walitoka alfajiri na majembe na vikapu vyao kwenda mashambani, wakaona waliyoyaona, wakapiga kelele: "Muhammad! Muhammad na khamis!" Hawakuwa wanataja siku. Kwa hiyo ukimwita mwanao Hamisi, mmoja akasikia siku na mwingine akasikia jeshi, wote wawili hawajakosea.

Rayyan ni jina zuri, siwezi kulisema vibaya. Ni mlango wa peponi watakaopita waliokuwa wakifunga. Lakini hebu kaa ufikiri: siku za kufunga sunna kila wiki ni zipi? Jumatatu na Alhamisi. Mtume alisema matendo huhudhurishwa siku hizo mbili, naye akapenda yake yahudhurishwe amefunga. Na akitaka kusafiri, alipenda kutoka Alhamisi, hata safari ya Tabuk alitoka siku hiyo. Sasa anayefika kwenye mlango wa Rayyan si ndiye aliyekuwa akiamka kula daku kila Alhamisi? Mimi naona umechagua mlango ukaikataa njia.

Mkeo kasema, kwa adabu kabisa, kwamba mwalimu mmoja kamwambia Hamisi si jina la dini, halimo katika majina ya mitume wala masahaba wakubwa. Ni kweli, na majina yapendwayo zaidi ni Abdallah na Abdulrahman, hilo hatubishani. Ila majina ambayo Mtume aliyabadilisha yalikuwa yale yenye maana mbaya. Mwanamke aliyeitwa Asiya, kwa maana ya muasi (si yule mke wa Firauni, hilo huandikwa vingine), alimpa jina la Jamila. Mwanamume aliyeitwa Hazn, yaani ardhi ngumu yenye mawe, alimwambia awe Sahl, tambarare. Yule bwana akakataa, akasema hawezi kubadili jina alilopewa na baba yake, na mjukuu wake, Said bin Musayyib, akaja kusema ule ugumu uliwabakia ukooni. Nimekusimulia hili ingawa linanigeuka, maana na mimi nang'ang'ania jina la baba yangu. Lakini Alhamisi haina mawe.

Tena usidhani ni sisi wa pwani tu tulioishiwa majina tukaenda kuomba kwenye kalenda. Kule Ghana Waakani humwita Yaw mwanamume aliyezaliwa Alhamisi, na aliyezaliwa Ijumaa ni Kofi. Kofi Annan angezaliwa hapa Ngamiani, Tanga, angekuwa Juma Annan. Oman wako akina Khamis wengi. Saudi Arabia kuna mji mzima, Khamis Mushait, uliopata jina kwa soko lake la Alhamisi, na Bahrain kuna msikiti wa kale wa Al-Khamis, nao jina umelichukua kwenye soko la siku hiyohiyo. Kwetu, miaka ya 1830, Mswahili mmoja aitwaye Khamis bin Uthman alifika London, akamweleza mwanajiografia Cooley habari za bara na ziwa lake ilhali Mzungu huyo hajaona hata jani la mnazi wetu. Na wewe mtu wa Yanga, umemsahau Amissi Tambwe? Mabao yake uliyashangilia mpaka sauti ikakukauka. Ni Hamisi huyo! Burundi na Kongo wanaliandika kwa mkono wao, lakini jina ni la babu yako.

Hapo kwenye kuandika nikuonye. Jina hili likivuka bahari lilipata irabu ya mwisho. Kiarabu hukaza sauti mwishoni, kha-MIIS, nasi hukaza silabi ya pili kutoka mwisho. Tulipoongeza i likawa ha-MI-si, mkazo ukabaki palepale ulipokuwa. Huwa naliwaza hilo nikiwa naosha vyombo, jinsi watu wasiojua kusoma walivyolihamisha jina bila kulivunja. Waandishi ndio waliolivunja. Baba yangu cheti kimoja kilimwita Hamisi, kitabu cha benki Hamis, na hati ya nyumba Khamis. Alipofariki tulitakiwa tuape mbele ya wakili kwamba watu hao watatu walikuwa marehemu mmoja. Mtumishi aliyetupokea, ofisi siitaji, alituuliza kwa uso mkavu: "Sasa mnamrithi yupi?" Baba yako nusura aruke kaunta. Kwa hiyo mkiliandika, liandikeni mara moja na mlilinde. Kwa kh au kwa h, mimi yote nakubali.

Nimefika kwa baba.

Wewe ulimjua akiwa mzee wa kitini. Mimi nilimjua kwenye cherehani ya miguu, barazani hapa, akishona kanzu. Alhamisi ndiyo siku iliyokuwa yake kweli, kwa sababu kila mteja anataka kanzu ya Ijumaa, na hakuna mteja anayekumbuka kabla ya Jumanne. Alhamisi baada ya alasiri hukuweza kumsemesha. Tulikaa chini kupasi na kufunga vifungo, na chuo cha Kurani hakuna, maana mwalimu alishapokea senti zake asubuhi akatufungulia mpaka Jumamosi. Watu walimtania: "Fundi, wewe ni Hamisi, kwa nini hupumziki siku yako?" Akajibu, sindano mdomoni: "Ijumaa ingevaa nini?" Usiku, kanzu ya mwisho ikishachukuliwa, ndipo alipokuwa Muunis. Alinunua kahawa na kashata, akatukalisha, akasimulia mpaka tukalala mikekani.

Sasa chukua kalamu. Andika jina la mwanao kama litakavyoandikwa kwenye cheti: lake, lako, la baba yako. Majina matatu, nafasi imekwisha. Hamisi yuko wapi? Hayupo. Kwenye cheti changu yupo wa pili. Kwenye chako yupo wa tatu, mwishoni kabisa, ukingoni. Kwa huyu mtoto ameanguka. Wazee hawakuwa na cheti lakini hili walilijua, ndiyo maana mtoto alipewa jina la babu wa baba yake: anayedondokea mlango wa nyuma anaingizwa kwa mlango wa mbele. Rudi ukalitazame daftari la ukoo alilonalo baba yako, lile lenye jalada la kijani. Hamisi wa kwanza, kisha wawili katikati, kisha Hamisi tena. Babu yako mwenyewe aliitwa hivyo kwa sababu mwingine alikuwa ameanguka.

Hutaki, usifanye. Mtoto ni wenu, na jina la Rayyan nitaliita kwa upendo, na nikiwa naye peke yangu barazani nitamwita ninavyotaka, kama bibi wote.

Ila kuna kitu nimekiona. Jana mkeo kanitumia ujumbe kwamba akika ya kumchinjia mtoto ni Jumatano ijayo, siku ya saba, mbuzi wawili wameshapatikana, na kwamba siku umeipanga wewe. Nikahesabu kwa vidole. Mtoto wa Jumatano, ukiihesabu siku aliyozaliwa kama masheikh wetu wa Kishafii wanavyoihesabu kwenye akika, saba yake ni Jumanne. Saba ikiangukia Jumatano, mwenye kuhesabu ameanza Alhamisi.

Nakuja na basi la Jumanne asubuhi. Wembe wa kumnyolea ninao, ni ule wa babu yako. Mtu anisubiri stendi, nina mzigo wa nazi.

Shangazi yako,
Tanga