Aliyeamka saa nane usiku

Shoga yangu Saumu,

Salamu nyingi. Unasema kazi inakumaliza, hata mstari mmoja huandiki. Pole sikupi. Nakuletea habari za Octavia Butler, mwandishi Mmarekani mweusi wa hadithi za kisayansi.

Alizaliwa Pasadena, California, mwaka 1947. Baba yake alikuwa mng'arisha viatu, akafariki binti akiwa bado mdogo, mama akabaki kufanya kazi za ndani kwa Wazungu. Octavia alikuwa mrefu kupita wenzake, mwenye haya, na kusoma kulimpa tabu. Alipotimiza miaka kumi akamwomba mama taipureta. Mama akanunua!

Ukubwani aliishi kwa vibarua: kuosha vyombo, kuuza vitu kwa simu, hata kukagua krispi za viazi kiwandani. Akiamka saa nane usiku aandike kabla ya kwenda kazini. (Mimi nilijaribu siku tatu. Ya nne nikalalia daftari.)

Ila ninachotaka ukisome ni Kindred, riwaya yake ya mwaka 1979. Chuoni alimsikia kijana mweusi mwenzake akiwalaani wazee kwa unyenyekevu wao, eti ndio waliowarudisha watu wao nyuma. Octavia akamkumbuka mama. Utotoni alikuwa akifuatana naye kazini, akamwona anaingia kwa mlango wa nyuma, anasemwa ovyo, na ananyamaza. Ukimya ule ndio uliomlisha yeye. Basi akamchukua Dana, mwanamke wa mwaka 1976, akamtupa jimbo la Maryland, Marekani, la enzi za utumwa, tuone na ujuaji wake wote atafanya nini. Anarudi hana mkono wa kushoto. Usinilaumu kwamba nimekumalizia utamu, hilo linasemwa mwanzoni kabisa.

Kinachonishinda ni jinsi Dana anavyozoea. Si kwa siku moja. Leo anameza neno hili, kesho lile, mpaka ananyamaza bila kuambiwa.

Heshima ilimfikia. Mwaka 1995 alipata ruzuku ya MacArthur, ile ya Marekani wanayopewa wenye vipaji vya pekee, mwandishi wa kwanza wa hadithi za kisayansi kuipata, dola 295,000. Alifariki 2006, ana miaka 58 tu.

Kitabu nakituma kwa basi la Alhamisi. Kina doa la chai, usiniulize.

Usiku nilipokimaliza nilimpigia mama, unajua alivyofua nguo za watu miaka yote ile. Nikakosa la kusema. Akaniuliza, "Umeishiwa?"

Wako,
Zuhura