Risala ya Klabu ya Baiolojia kwa Mgeni Rasmi: Protini Inayouzuia Mfupa Usizidi

Mheshimiwa Mgeni Rasmi, Daktari Bingwa wa Mifupa,
Mkuu wa Shule,
Walimu, wazazi na walezi,
Wanafunzi wenzetu,

Shikamooni, na karibuni sana.

Awali ya yote tunamshukuru Mwenyezi Mungu kwa kutukutanisha tukiwa wazima. Pili, tunakushukuru wewe, Mheshimiwa Mgeni Rasmi, kwa kuacha wodi na chumba cha upasuaji ukaja kukaa nasi chini ya turubai hili lisilozuia jua.

Mheshimiwa Mgeni Rasmi, kila mwaka klabu yetu huchagua mada moja iliyo nje ya muhtasari wa masomo. Darasani tunafundishwa sana vitu vinavyokuza: homoni ya ukuaji, kalsiamu, vitamini D. Vinavyozuia hupitiwa haraka haraka. Mwaka huu tukauliza: mfupa unajuaje pa kukomea? Swali hilo likatufikisha kwa protini iitwayo sklerostini.

Wewe haya unayajua kuliko sisi, lakini tunaomba ruhusa tuwaeleze wazazi wetu. Mfupa si jiwe. Ndani yake mna seli hai ziitwazo osteositi, ambazo kwa mtu mzima ni zaidi ya asilimia 90 ya seli zote za mfupa. Zimezingirwa na madini pande zote, ila zina matawi membamba ya kuwasiliana. Hizo ndizo zinazotoa sklerostini. Protini hiyo hufika kwenye seli zinazojenga mfupa na kung'ang'ania vipokezi vya LRP5 na LRP6, vile vile ambavyo hupokea ishara ya Wnt ya kuamuru ujenzi. Vipokezi vikishashikwa, amri haipiti. Ni breki, na anayeikanyaga ni mfupa wenyewe. Mtu anapotembea, kulima au kubeba mzigo, osteositi hupunguza sklerostini na ujenzi unaendelea. Akilazwa kitandani kwa muda mrefu, sklerostini huongezeka na mfupa hupungua.

Je, breki isipokuwepo kabisa? Jibu lilipatikana Afrika Kusini, katika baadhi ya familia za Makaburu. Mtoto aliyerithi kasoro ya jeni iitwayo SOST, ile yenye maagizo ya kutengeneza sklerostini, kutoka kwa baba na mama pia, mara nyingi huzaliwa na vidole vya mkono vilivyoungana, hasa cha shahada na cha kati. Kisha mifupa huendelea kunenepa mwaka hadi mwaka. Taya hutokeza. Vitundu vya fuvu vinavyopitisha neva huzibana, uso ukapooza na masikio yakaziba. Mifupa yao ni migumu mno, haivunjiki ovyo, lakini fuvu likizidi kunenepa hukandamiza ubongo, na wapo waliofariki ghafla kwa sababu hiyo. Ugonjwa huo unaitwa sklerostiosisi.

Sehemu iliyotusisimua zaidi inatoka Uholanzi. Mwaka 1955 daktari Van Buchem alieleza ugonjwa unaofanana na huo: fuvu nene, taya kubwa, uziwi. Lakini vidole vya wagonjwa wake vilikuwa vizima. Jeni ya SOST ilipotambuliwa mwaka 2001, ikaonekana kwamba kwa wagonjwa hawa jeni yenyewe haina dosari. Kilichopotea ni kipande cha DNA cha herufi kama 52,000 kilichoko mbali kidogo nayo, chenye swichi ya kuiwasha ndani ya mfupa. Kwa hiyo tumboni mwa mama, vidole vinapoumbwa, jeni inafanya kazi yake. Ukubwani, kwenye mfupa, haiwaki ipasavyo. Tulibishana juu ya vidole hivi hadi kengele ya chakula ikapigwa na hakuna aliyeondoka, jambo ambalo matroni anaweza kulithibitisha.

Kutokana na familia hizo wanasayansi walitengeneza kingamwili ya kuikamata sklerostini, iitwayo romosozumabu. Mwaka 2011 panya waliopewa kingamwili ya aina hiyo walirushwa angani na chombo cha Atlantis, kwa kuwa mfupa usiobeba uzito hulika upesi. Katika utafiti wa wanawake 7,180 waliokoma hedhi na mifupa yao ikadhoofika, dawa hii ilipunguza mivunjiko ya pingili za mgongo kwa asilimia 73 katika mwaka wa kwanza. Japani na Marekani ziliiidhinisha mwaka 2019. Huchomwa mara moja kwa mwezi, kwa miezi 12, kisha mgonjwa hupewa dawa nyingine ya kulinda mfupa uliojengeka. Ina onyo zito: aliyepata mshtuko wa moyo au kiharusi ndani ya mwaka uliopita asipewe.

Kwa maoni yetu hapa pana deni. Wale ambao miili yao ilionyesha njia ya dawa hii, wao wenyewe bado wanategemea upasuaji wa kupunguza fuvu.

Mheshimiwa Mgeni Rasmi, mezani utaona paja la kuku tulilolowesha kwenye siki hadi madini yakatoka. Karibu ulipinde kwa mkono wako. Changamoto zetu si ngeni. Kiunzi cha mifupa cha maabara hakina taya la chini, na mkono wa kushoto umefungwa kwa waya. Tunaomba mambo mawili: picha za eksirei za zamani zisizohitajika tena, zikiwa zimeondolewa majina ya wagonjwa, na nafasi kwa wanaklabu wa kidato cha tano kutembelea kliniki yako ya mifupa wakati wa likizo. Darubini tulikwisha kuiomba kwa mgeni rasmi wa mwaka jana, hivyo leo tumeona tukusitiri.

Tunaomba kuwasilisha.

Wanachama wa Klabu ya Baiolojia