Sauti kamili inapotelea kwenye Bluetooth

Mhariri,

Huduma za muziki mtandaoni sasa zinatangaza sauti kamili isiyopunguzwa, na wapenzi wa roki ya zamani wameichangamkia. Wengi wanamaliza bando bure, maana wanasikiliza kwa hedifoni za Bluetooth.

Chukua The Dark Side of the Moon ya Pink Floyd, iliyorekodiwa Abbey Road, London, na kutoka Machi 1973. Ina dakika kama 43. Kwa ubora wa CD, sauti hupita kwa kilobiti 1,411 kila sekunde. FLAC, aina ya faili la muziki, huibana albamu nzima ikabaki kati ya MB 250 na 300 bila kutupa chochote. Lakini Bluetooth ya kawaida, inayotumia SBC, njia yake ya msingi ya kubana sauti, hubeba takriban kilobiti 328 tu kwa sekunde, hivyo simu hulazimika kuibana upya, na kinachokatwa hapo hakirudi. Hata LDAC, njia bora zaidi ya kubana sauti ya Bluetooth, ikiwa kwenye kiwango chake cha juu huishia kilobiti 990.

Dawa ni waya. Simu isiyo na tundu la hedifoni itafutiwe adapta ya USB-C yenye DAC, kichipu kinachogeuza namba kuwa sauti. Adapta zisizo nacho hukaa kimya kwenye simu nyingi. Kagua pia mipangilio ya programu: ubora wa Wi-Fi na wa bando mara nyingi huchaguliwa mahali tofauti.

Albamu hii ina dai jingine. Kila upande wa santuri ulitengenezwa kama muziki mmoja usiokatika. MP3 huongeza ukimya kidogo mwanzoni na mwishoni mwa faili, na programu isiyojua kuuondoa huacha ufa kati ya wimbo na wimbo, pale ambapo bendi na fundi wao Alan Parsons hawakuacha hata pumzi. FLAC haiongezi kitu. Zima tu kipengele cha kupishanisha mwisho wa wimbo na mwanzo wa unaofuata (crossfade). Na usipandishe sauti eti husikii mapigo ya moyo ya mwanzo. Yamewekwa chini makusudi, na saa zinazolia pamoja kwenye wimbo wa nne zitakuumiza masikio.

Wapo pia wanaouza FLAC zilizogeuzwa kutoka MP3. Fungua faili kwenye programu ya Spek, inayochora masafa ya sauti kuanzia nzito hadi nyembamba: lililotoka MP3 ya kilobiti 128 hukatika ghafla karibu na kHz 16. Ukiliona hivyo, dai fedha zako.

Msomaji wako,
Dar es Salaam